Chumba cha Ubeti wa Sita

Kama umewahi kutazama filamu ukaona mtu anakunywa chai, kikombe kikafika nusu, halafu kufumba na kufumbua kikajaa tena bila mtu kumimina, basi jua kwamba siku ile mtu wa mwendelezo alikuwa amesinzia. Filamu haipigwi kwa mfuatano. Mwisho unaweza kupigwa Jumatatu na mwanzo ukapigwa Jumatano, kwa hiyo lazima awepo mtu mmoja anayejua kila kitu kinatakiwa kuwa wapi: kikombe kimejaa kiasi gani, kifungo kipi kimefunguliwa, mlango umeachwa wazi kwa upana wa vidole vingapi.

Katika kikundi ninachokisimulia, mtu huyo alikuwa mwanamke wa miaka arobaini na tatu ambaye kila mtu alimwita Jicho. Hata mumewe, fundi wa majokofu, alimwita hivyo. "Mimi sikuoa mke, nimeoa kamera," alikuwa akiwalalamikia rafiki zake. "Nikisogeza dawa ya meno tu, naulizwa."

Hakusomea popote. Mama yake alikuwa mshonaji, na utoto wake wote Jicho aliupitisha chini ya meza ya cherehani. Mama akidondosha sindano hakuwa na haja ya kupapasa. Aliita tu, "Mwanangu!" na binti akaiona, hata iwe imelala katikati ya nyuzi na vipande vya vitambaa. Ukubwani akaajiriwa kwenye studio ya picha za harusi, na siku moja akamwonyesha mwenye studio kwamba bwana harusi wa asubuhi alikuwa na kovu kwenye nyusi, wa jioni hana. Ikagundulika kwamba bwana harusi alizidiwa na usingizi, na pacha wake ndiye aliyesimama kwenye picha za jioni. Kutoka siku hiyo jina la Jicho likamganda, naye akavimba kichwa kidogo. "Hakuna kinachohama mbele yangu nisikione," alipenda kusema. Maneno hayo yatunze, maana yatamrudia.

Mwaka huo kikundi kilikuwa na kazi ya kugeuza mashairi ya kale kuwa filamu fupi za kuonyeshwa mashuleni, kila shairi dakika saba. Mwongozaji alikuwa kijana wa miwani mikubwa aliyeitwa Profesa, ingawa chuo alikiacha mwaka wa pili. Alikuwa na sheria moja, na aliishikilia kama mlevi anavyoshikilia ukuta: kilichotajwa kwenye ubeti kionekane, na kisichotajwa kisionekane. Mpiga picha akitaka kuongeza njiwa wanaoruka, Profesa humjia juu. "Mshairi ametaja njiwa? Hakutaja. Njiwa wa nini?"

Shairi la nne lilikuwa lile ambalo kila aliyepita shule alilikariri, apende asipende. Mtunzi wake hajulikani. Lina beti sita. Mama anamuaga mwanawe anayekwenda kuanza maisha mbali, na katika kila ubeti anampa kitu: wa kwanza taa, wa pili kinu, wa tatu mtungi, wa nne mkeka, wa tano shuka. Ubeti wa sita ni wa kwaheri. Kitabu cha shule kiliweka juu yake kichwa kisemacho "Ukarimu wa Mama", na chini yake swali: Taja vitu vitano ambavyo mama alimpa mwanawe. Alama tano. Jicho alipata tano juu ya tano. Profesa naye alipata tano. Hata Fundi Vifaa, mzee wa kupanga vyombo vya filamu, ambaye aliishia shule ya msingi na anajivunia jambo hilo, alikuwa bado anavitaja vyote vitano kwa pumzi moja.

Walipigia katika ghala la zamani la matairi. Fundi Vifaa alisimamisha kuta tatu za mbao nyepesi, akazipaka rangi ya udongo, akaingiza taa ya chemli, kinu, mtungi, mkeka na shuka. Siku ya kwanza, Jumamosi, walipiga ubeti wa nne na wa pili. Siku ya pili, Jumatatu, wakapiga wa kwanza, wa tatu na wa tano. Jicho alikuwa na daftari lake la miraba: upande mmoja vitu, upande mwingine beti. Kitu kikiwepo anatia alama, kisipokuwepo anaacha wazi. Alikuwa amelijaza tangu mwanzo kama mtu anayejaza fomu ya maji au umeme, mkono unaandika na akili iko sokoni.

Siku ya tatu, Jumanne mchana, ilibaki ubeti wa sita.

"Jicho, nipe chumba," Fundi Vifaa alisema, mchoro wa Profesa mkononi. "Hapa naona mama amekaa mkekani, taa inawaka, mtungi pembeni, anapunga mkono."

Jicho akafungua daftari. "Taa haiwezi kuwaka. Imeondoka ubeti wa kwanza."

"Basi naizima."

"Siyo kuizima, mzee wangu. Haipo. Mtoto kaibeba."

"Haya. Mtungi?"

"Umekwenda ubeti wa tatu."

"Na mkeka, je? Huyu mama atakaa wapi?"

Jicho akapitisha kidole kwenye safu ya mwisho. Mraba wa kwanza mtupu, wa pili mtupu, wa tatu, wa nne, wa tano. Akahisi amekosea. Akahesabu tena kutoka chini kwenda juu. Mitupu yote.

"Hakuna," alisema.

"Hakuna nini?"

"Hakuna kitu. Chumba cha ubeti wa sita hakina kitu hata kimoja."

Profesa alikuja mbio akifuta miwani kwa fulana. Alilikagua daftari, akakagua shairi, akarudi kwenye daftari. Mchoro alikuwa ameuchora mwenyewe, na mle ndani alikuwa amemrudishia mama vyombo vyote alivyogawa, bila kujua kwamba anavirudisha. "Haiwezekani," alisema. "Weka hata kigoda."

"Kigoda kimetajwa ubeti gani?" Fundi Vifaa aliuliza. Sheria ikamrudia mwenye sheria.

Basi wakatoa. Fundi Vifaa akabeba kimoja kimoja mpaka zikabaki kuta tatu na sakafu. Mwigizaji, mama mmoja aliyestaafu ukarani wa posta, akaingia akaketi chini, miguu ameikunja, na kwa kuwa hakuna aliyemwambia anyamaze, akaanza kupitia maneno yake tangu mwanzo, taratibu:

Chukua taa mwanangu, giza si la kusumbua,
Ukuta wa nyumba yangu, kwa mkono naujua.

Mbele ya mtungi akasita.

Mtungi nao chukua, kiu yangu imekwisha.

"Hivi," aliuliza, "kiu ya mtu inakwishaje?"

Wote walikuwa wameukariri mstari ule wakiwa na umri wa miaka kumi na miwili, na sasa walitazamana kama watu waliopigwa kofi na asiyeonekana.

"Anakufa huyu mama," mwigizaji alisema. "Anajua. Anampakia mtoto vyombo aondoke haraka, asije akamkuta amekufa. Ndiyo maana anamwambia, 'Ukifika njia panda, usigeuke mwanangu.' Mungu wangu. Na mimi wanangu wote watatu niliwasaidia kulikariri, nikiwa jikoni, nacheka!"

Profesa alikaa juu ya sanduku la nyaya. "Taja vitu vitano," alinong'ona. "Alama tano."

Jicho alishikwa na bumbuwazi kama wenzake, lakini lake lilikuwa bado la kazi: alijionea aibu kwamba miraba mitupu ilikuwa mbele yake siku tatu na hakuiona. Hapo ndipo Fundi Vifaa, aliyekuwa anapitia pembe za seti asije akaacha kitu, aliinuka na birika la bati lenye mkono uliofungwa kamba nyekundu.

"Na hili birika ni la ubeti wa ngapi?"

"Hilo siyo la seti," Jicho alijibu. "Nimelileta tuchemshie chai. Nimepewa na mama Jumapi..."

Neno halikuisha. Jumapili mama alimpa lile birika mlangoni, limeshafungwa kwenye mfuko. Jicho alipouliza na yeye atatumia nini, mama alicheka. "Lichukue tu. Mimi siku hizi hata hiyo chai sina hamu nayo."

Kabla ya birika lilikuwa blanketi. Kabla ya blanketi, kiti cha marehemu baba. Kabla ya kiti, redio: "Makelele tu." Kabla ya redio, saa ya ukutani: "Mlio wake unaninyima usingizi." Kabla ya saa, sufuria kubwa: "Nimpikie nani?" Na mwanzo kabisa, miezi sita iliyopita, cherehani. Cherehani! Mwanamke aliyeshona miaka arobaini anatoa cherehani, na binti yake anasema nini? Alisema, "Ahsante mama, itapendeza sebuleni." Mumewe aliwahi kutania kwamba nyumba yao sasa ni tawi la nyumba ya mkwewe, wakacheka mpaka machozi. Nyani haoni kundule, lakini huyu hata kundu la nyani mwenzake lililomkalia usoni hakuliona.

Na tangu lini hajaingia ndani kwa mama? Alijaribu kukumbuka. Miezi miwili? Kila Jumapili alikuta benchi limeshawekwa nje. "Tukae hapa, kuna upepo."

Jicho aliliweka daftari sakafuni, katikati ya seti, jambo ambalo hajawahi kulifanya maishani. Akatoka. Profesa alimwita mara mbili, mara ya tatu mwigizaji akamshika mkono akamwambia, "Mwache mwenzio."

Pikipiki aliyoikodi ilimfikisha kwa mama. Mama alikuwa benchini, anachambua vifungo kwenye kopo.

"Leo Jumanne," mama alisema. "Na hata shikamoo huna?"

"Shikamoo mama."

"Marahaba. Kaa hapa, kuna up..."

Jicho alimpita akafungua mlango.

Sijui nikueleze vipi. Kulikuwa na kitanda. Dirishani kulikuwa na vikombe viwili. Basi. Chumba alichokulia, kilichokuwa kimejaa mpaka mtu anapita ubavu, kilimkodolea macho. Sakafuni aliona alama nne za miguu ya cherehani, zimechimbika kwenye saruji. Aliona mstari ukutani palipokuwa panagusa mgongo wa kiti cha baba. Juu ya ukuta, duara jeupe lilionyesha saa ilipokuwa, na kwenye msumari wake ilining'inia kadi ya hospitali.

Aliisoma akiwa wima. Akaisoma tena. Upasuaji, Alhamisi, saa mbili asubuhi. Chini, mwandiko wa daktari: uvimbe tumboni, usicheleweshwe tena. Juu yake, tarehe mbili zilizopita zimekatwa kwa kalamu.

"Mama, hii nini?"

Mama alikuwa amesimama mlangoni na kopo lake la vifungo. "Kadi."

"Kwa nini iko msumarini?"

"Nimeitundika nisije nikasahau kutokwenda."

Jicho akakaa palepale sakafuni, miguu ameikunja, na alipogundua amekaa kama yule mwigizaji akaruka kusimama kama aliyekalia kaa la moto.

"Tangu lini unajua?"

"Tangu cherehani."

"Miezi sita! Mama, mficha maradhi..."

"Usinimalizie methali, naijua. Nimeisikia kabla hujazaliwa." Mama aliketi kitandani, mkono mmoja ukishika ubavu, na sasa Jicho aliona jinsi gauni lilivyokuwa limelegea mabegani. Mshonaji yule, ambaye hangekubali gauni la mteja lizidi hata upana wa kidole. "Nisikilize. Bibi yako alipofariki, watu hawajamaliza kutoa pole, shangazi zako walikuwa wanavutana na sufuria. Mmoja huku, mmoja kule. Nikasema mimi vyangu nitatoa kwa mkono wangu. Nikakupa kimoja kimoja ili usishtuke."

"Basi nimeshtuka kwa vyote mara moja."

Mama akatikisa kopo lake la vifungo.

"Daktari amesema wakiutoa utapona?"

"Amesema mengi. Mimi nimekata vitambaa miaka arobaini, mwanangu. Najua mkasi ukishaingia kwenye kitambaa haurudi nyuma. Siendi."

Walibishana. Jicho alibembeleza, alikasirika, alilia, akarudi kubembeleza. Mama alikuwa jiwe. Mwisho Jicho akaenda kusimama dirishani, amempa mgongo, ili asiseme neno ambalo angelijutia. Mbele yake vilikuwa vile vikombe. Alivitazama kwa muda kabla hajaviona.

"Mama, unaishi peke yako."

"Ndiyo."

"Umetoa kila kitu. Hata birika umetoa. Vikombe viwili vya nini?"

Jicho aligeuka. Mama alikuwa anaangalia vifungo vyake.

"Kimoja chako," alisema. "Nilisema labda siku moja utaingia ndani."

Hapo ndipo Jicho alipoumia kweli. Mama alikuwa amehamisha nyumba nzima mbele ya mtu ambaye kazi yake ni kuona vitu vilivyohama, akasubiri, Jumapili baada ya Jumapili, kuona kama ataona. Hakuona. Alibeba tu.

Hakusema tena habari za hospitali siku hiyo. Alimpigia Profesa simu kumwambia kesho haji. Profesa, ambaye kwa kawaida mtu akichelewa dakika tano anataka barua, alisema, "Ubeti wa sita hautakimbia, dada. Shughulikia wako."

Jumatano asubuhi gari la mumewe, lile la kubebea majokofu, liliegeshwa kinyumenyume mbele ya mlango wa mama. Mkwe alishusha, Jicho akapokea.

"Mnafanya nini?" mama alifoka. "Nilikupa! Sikukukopesha!"

"Nyumba yangu imejaa, mama," mkwe alisema kwa adabu, jasho likimtiririka. "Juzi nimeota nimelala ndani ya sufuria."

Jicho hakuuliza kitu kiwekwe wapi. Miguu minne ya cherehani aliirudisha kwenye mashimo yake manne, mguu wa nyuma wa kushoto akiutilia kipande cha kitambaa chini, kwa kuwa ulikuwa mfupi tangu zamani. Kiti cha baba kikagusa ukuta kwenye mstari wake. Redio ikakaa juu ya sufuria iliyofunikwa, uso umeelekea kitandani. Blanketi alilikunja mara nne, kiraka kikiwa juu, kwa sababu mama hulikunja hivyo ili aanze kujifunika upande ulioshonwa imara. Birika akaliweka dirishani, katikati ya vikombe viwili.

Mama alikuwa ameacha kufoka. Alisimama mdomo wazi, anageuka polepole katikati ya chumba chake, anagusa hiki, anagusa kile.

"Hata kitambaa cha chini ya mguu unakikumbuka?"

"Navikumbuka vyote, mama. Nilikuwa navikumbuka siku zote. Ni wewe tu sikukutazama."

Ikabaki saa. Jicho aliipangusa vumbi, akapanda juu ya kiti cha baba akiwa ameikumbatia, halafu akatulia hivyo hivyo, hapandishi mkono, hashuki.

"Unangoja nini?" mama aliuliza.

"Siwezi kuitundika. Msumari una kitu."

Mkwe akajikuta ana jambo la kuangalia kwenye gari. Mama alimtazama binti yake, akaitazama saa. Jicho aliikaza zaidi kifuani, maana zile saa za zamani kwa uzito siyo mchezo. Kadi kuitoa angeweza, kwa vidole viwili tu. Hakuitoa.

Mama akasogea. Akanyoosha mkono, akaichomoa kadi msumarini, akaisoma kwa mbali kama asomavyo mtu asiye na miwani, midomo ikichezacheza.

"Haya, itundike," alisema. "Lakini uirekebishe sawasawa, usiniwekee saa ya kubahatisha. Hapa wameandika saa mbili asubuhi, na mimi tangu nianze kushonea watu sijawahi kuchelewa."